Jarida la kumuaga diwani, wachapaji wa Mwanjelwa: mashine nzuri, maelezo ya picha mtihani

Kwa fulana, kofia na mabango ya kampeni, duka hili la uchapaji la Mwanjelwa jijini Mbeya halina tatizo. Kazi inayolipima kweli ni jarida la kumuaga mama aliyekaa kwenye baraza la madiwani miaka 20: vipindi vinne, vyeo kadhaa, picha za kuanzia enzi za kamera za filamu hadi za simu. Hapo mashine zao zinafanya vizuri, ila uhariri wao unateleza.

Jarida lenyewe ni la A5, kurasa 72. Maandishi yako kwenye karatasi ya gramu 80, picha kwenye ya kung'aa ya gramu 130, na jalada ni gramu 250 lenye laminesheni isiyong'aa. Makali yamekatwa safi. Rangi za chama kwenye jalada zimetulia, kwa sababu wanachapa jalada moja kwanza na kulilinganisha na kitambaa cha sare, si na kioo cha kompyuta. Kioo hutoa rangi kwa mwanga na mashine hutoa kwa wino, ndiyo maana kijani kinachometameta kwenye kompyuta mara nyingi hutoka kimefifia.

Ugonjwa uko kwenye mgongo. Kurasa 72 zikipigwa pini jarida hutuna, kwa hiyo gundi ya moto ni uamuzi sahihi. Shida ni kwamba gundi ya bei nafuu hukakamaa kwenye baridi, na baridi ya Mbeya ya Juni na Julai haihitaji kuelezwa. Lilaze jarida wazi mezani asubuhi na ulikandamize kidogo: mgongo unalia "ka!", ukurasa wa 37 unabaki mkononi. Waambie washone kwa uzi kabla ya gundi, au punguza kurasa zifike 48 na upigiwe pini mbili. Ukichagua pini, kurasa zigawanyike kwa 4, la sivyo utalipia karatasi tupu.

Picha za albamu wanaziskani kwa nukta 300 kwa inchi (dpi), na zinatosha zikibaki saizi yake. Picha ya pasipoti inayokwenda kujaza nusu ukurasa iskaniwe kwa 1200 hivi. Za simu usiwatumie kwa WhatsApp kama picha, zinabanwa na nyuso hutoka kama zimepakwa uji. Tuma kama dokumenti, au peleka flashi.

Sasa maelezo ya picha, na hapa ndipo heshima ya mheshimiwa inapopotea. Kijana wa kompyuta huandika cheo na mkoa wa leo kwenye picha ya zamani. Mama Anne Makinda alikuwa Naibu Spika wa Bunge kuanzia 2005 hadi 2010, ndipo akawa Spika. Picha yake ya 2008 ikiandikwa "Spika" ni kosa. Jimbo lake la Njombe Kusini nalo wakati huo lilikuwa Mkoa wa Iringa, maana Mkoa wa Njombe ulizaliwa 2012. Vivyo hivyo mkutano wa Vwawa wa 2013 ulifanyika Mkoa wa Mbeya, kwani Mkoa wa Songwe, ilipo Vwawa leo, ulikuja 2016. Mwongoza kikao wa halmashauri ya wilaya au ya mji ni Mwenyekiti. Mstahiki Meya ni wa manispaa na jiji. Tena usikubali diwani wa viti maalumu abandikiwe jina la kata kana kwamba aliigombea kwenye sanduku la kura. Wenzake wa baraza watacheka kabla hawajafungua ukurasa wa pili.

Kwa hiyo wape uchapaji, usiwape kalamu. Nyuma ya kila picha andika kwa penseli laini mwaka, mahali na cheo cha siku ile, ukihakiki kwa mihtasari ya baraza. Kalamu ya wino hutokeza upande wa pili. Majina yaandikwe kutoka kushoto, na mmoja wa waliokuwa kwenye picha ayasome.

Nakala ya majaribio wanapenda kukutumia kama PDF kwenye simu. Kataa. Dai moja iliyofungwa kabisa, na uilaze usiku kucha kwenye baridi kabla ya kusaini nyingine 200 zichapwe.