Uzoefu wangu na filamu bubu za safari: siti ya mbele, San Francisco 1906

Kama umezoea video za safari zenye muziki juu na mtu anayekusemesha mwanzo mwisho, hizi zitakushangaza. Ni filamu fupi bubu za mwanzoni mwa karne ya 20, na Maktaba ya Bunge la Marekani imeziweka mtandaoni bure. Unazipakua kabisa, unatazama bando likiwa limekata.

Iliyonishika ni A Trip Down Market Street. Ndugu wa familia ya Miles walifunga kamera mbele ya tramu ya kebo jijini San Francisco, wakarekodi kama dakika 13 mpaka kwenye jengo la feri. Basi. Hakuna mhusika wala kisa, ni kama umepewa siti ya mbele kando ya dereva. Mikokoteni ya farasi inakatiza, watu wanavuka wanavyotaka, vijana wanakimbia mbele ya tramu huku wakigeuka kuona kama kamera bado inawachukua. Yaangalie magari vizuri: lipo linalopita, linapotea, kisha hilohilo linatokea tena. Yalizungushwa makusudi ili barabara ionekane ina pilikapilika.

Ilipigwa siku chache tu kabla ya tetemeko la tarehe 18 Aprili 1906, ambalo pamoja na moto wake liliangamiza sehemu kubwa ya mji. Ukishalijua hilo, hata mzee anayesubiri kuvuka unamwangalia mara mbili.

Ya pili ni ya treni ya chini ya ardhi ya New York, aliyoipiga mpiga kamera Billy Bitzer mwaka 1905, reli yenyewe haijatimiza hata mwaka. Mule gizani walipataje mwanga? Taa zilibebwa kwenye behewa lililokwenda sambamba, njia ya pembeni. Ujanja mtupu. Ila katikati ni nguzo, nguzo, nguzo. Mwenye haraka atachoka.

Matoleo yaliyotiwa rangi na milio ya kwato yapo tele. Mimi siyataki. Hiyo milio imebuniwa juzi, halafu inakuvuta utazame inakotaka yenyewe. Aliyeielewa kweli ile ya Market Street ni Ernie Gehr, mtengenezaji wa filamu za majaribio wa Marekani: mwaka 1974 aliichukua, akaivuta mpaka nusu saa, akaiita Eureka, na akaiacha bubu vilevile. Hiyo itazame ukiwa huna usingizi.

Nyota nne. Ya tano nimeinyima kwa sababu ya zile nguzo.