TanzLII kwa mwenye rufani: kwenye muda inabeba, kwenye kuondoa inachechemea

Anayeomba kuongezewa muda Mahakama ya Rufani ya Tanzania afungue TanzLII, tovuti ya sheria na maamuzi ya mahakama za Tanzania, kabla hajagusa kiapo cha kuunga mkono ombi lake. Ni bure, na maamuzi mengi yanapakuliwa kwa PDF. Anayetaka kuondoa rufani yake atasaidika nusu tu.

Chuja kwa mahakama, kisha tafuta shauri la Lyamuya Construction, uamuzi wa 2011 kuhusu kuongezewa muda. Humo mna vigezo vinne: eleza kipindi chote cha kuchelewa, kuchelewa kusipite kiasi, onyesha bidii badala ya uzembe, au toa sababu nyingine nzito kama dosari ya kisheria katika uamuzi unaopingwa. Fuatilia maamuzi ya baadaye yaliyounukuu, maana humo ndimo utakaposoma jinsi maombi ya watu yanavyoanguka. Mara kiapo kinaruka wiki mbili kati ya kupata nakala ya hukumu na kufungua maombi. Mwombaji anadai karani wa masjala alimwambia nakala hazijawa tayari, lakini kiapo cha karani hakipo, kwa hiyo maneno yake hayabebi kitu. Dosari ya kisheria nayo lazima ionekane wazi kwenye uamuzi wenyewe. Ikihitaji hoja ndefu kuichimbua, haitakuokoa.

Mtego mmoja: maamuzi ya zamani yanataja kanuni ya 8 ya Kanuni za Mahakama ya Rufani za 1979, ilhali leo maombi yanasimama kwenye kanuni ya 10 ya Kanuni za 2009. Ukitafuta kwa namba peke yake utachanganya enzi mbili. Kanuni za 2009 zenyewe zimeshafanyiwa marekebisho, yakiwemo ya 2017 na 2019, hivyo kagua tarehe ya nakala unayosoma. Utafutaji kwa Kiswahili huleta kidogo, kwani maamuzi mengi ya mahakama za juu yameandikwa kwa Kiingereza.

Kwenye kuondoa rufani, utakutana na amri za ukurasa mmoja au miwili, sababu hakuna. Isome kanuni ya 102 yenyewe. Notisi ya maandishi inawasilishwa masjala kabla rufani haijaitwa kusikilizwa, na wajibu rufani wanapewa nakala. Wakiridhia wote kwa maandishi, rufani inaondolewa kwenye orodha. Kwa asiyeridhia, rufani hutupwa na wewe humlipa gharama, mahakama isipoamua vinginevyo. Watu huanza na notisi, halafu ndipo wanakwenda kubembeleza ridhaa. Panga kinyume chake.

Ambacho TanzLII haikuonyeshi kwa urahisi ni uhusiano wa mambo haya mawili. Ukiondoa rufani kwa sababu kumbukumbu ya rufani, yaani jalada la nyaraka za shauri, ilikuwa na kasoro, siku 30 za kuwasilisha notisi ya kukata rufani chini ya kanuni ya 83 hazianzi upya. Unarudi kwenye kanuni ya 10. Hapo tafuta maamuzi ya ucheleweshaji wa kiufundi: muda uliotumika mahakamani kwenye rufani ile iliyoondolewa, kama ilifunguliwa ndani ya wakati, unaweza kusamehewa. Siku zinazofuata baada ya amri ya kuondoa hazimo kwenye msamaha huo. Hizo utazieleza moja moja.

Nyota nne kwa maombi ya muda, mbili kwa kuondoa rufani.