Ng'ombe wameibwa: mwano wa sungusungu au kituo cha polisi?

Ng'ombe wakiibwa usiku Misungwi au Kwimba, mkoani Mwanza, mwenye mali ana njia mbili: apige mwano, yaani mwito wa hatari, ili sungusungu, walinzi wa jadi wa kijiji, watoke; au asubiri kukuche aende polisi.

Kwa kasi, sungusungu hawana mpinzani. Walianza mwanzoni mwa miaka ya 1980 Usukumani na Unyamwezini, wizi wa mifugo ulipokithiri na dola ikawa mbali. Mwano ukilia, wanaume wanatoka na pinde, wanafuata nyayo za kwato porini. Hakuna anayeombwa hela ya mafuta ya gari. Mkosaji hutozwa faini, na akikaidi hutengwa: hapewi moto, hachotewi maji, hata msiba wake hauendewi. Wanakijiji wanajilinda wenyewe, na hilo nalithamini sana.

Lakini anayetengwa ana watoto. Na wapo walioadhibiwa kwa tuhuma tu, wakiwemo bibi zetu waliosingiziwa uchawi kwa macho mekundu, macho yaliyochoshwa na moshi wa jikoni.

Polisi ni wazito, jalada linaweza kulala mpaka ng'ombe wameshaliwa. Ila Ibara ya 13 ya Katiba ya Tanzania, iliyoingia na haki za binadamu mwaka 1984, inakataza mtu kuteswa au kuhesabiwa mkosaji kabla hajathibitika. Mahakamani mtuhumiwa ana rufaa; mbele ya sungusungu ataikata wapi?

Mimi ningepiga mwano kuwatafuta ng'ombe, na mshukiwa apelekwe polisi usiku huohuo, mzima. Sheria ya mwaka 1989 iliwapa sungusungu uwezo wa kukamata, si wa kuhukumu.