Moduli za SFP+ (vile vidude vya kuchomeka kwenye swichi vinavyounganisha faiba) za bei chee: nimezifunga kwenye swichi za Cisco na MikroTik, majibu haya

Tuna linki ya faiba kati ya majengo mawili hapa Dar, singomodi (faiba ya masafa marefu), kama mita 600 hivi, ilikuwa spidi ya giga 1, sasa kamera zimeongezeka na bekapu zinahamia jengo la pili usiku kucha, watu wakawa wanalia neti nzito mpaka asubuhi. Tukapanda giga 10 bila kugusa kebo. Moduli yenye nembo ya Cisco yenyewe ukitajiwa bei unaomba kiti kwanza, so nikachukua hizi za kampuni nyingine zinazoendana nayo, 10G LR, yaani giga 10 za singomodi, mwanga wa nanomita 1310.

Kilichonifurahisha, muuzaji kaniuliza mapema, swichi gani huku na gani kule? Asiyeuliza hilo mkimbie. Ndani ya moduli kuna kichipu kimeandikwa jina la kampuni, Catalyst (ndiyo swichi yetu ya Cisco) inalisoma, ikikuta jina geni inaiweka poti err-disabled, yaani inaizima, wakati moduli yenyewe haina tatizo lolote. MikroTik haina maringo hayo. Kwa hiyo upande wa Catalyst nikafunga yenye kodi (code, lile jina la kwenye kichipu) ya Cisco, wa MikroTik ya kawaida, na zinaelewana freshi maana kwenye faiba kinachotakiwa kufanana ni mwanga na spidi, nembo haihusiki. Ipo pia amri ya service unsupported-transceiver ya kuilazimisha Catalyst ikubali, ila siku ukiwapigia Cisco msaada wanaweza kukwambia chomoa hiyo kwanza tuongee.

Taa ikiwaka usishangilie bado. Piga show interfaces transceiver uone mwanga unaopokelewa. LR mwisho wake wa kupokea ni -14.4 dBm (kipimo cha nguvu ya mwanga, ikishuka zaidi ya hapo ni hafifu mno), sasa upande mmoja ulisoma -13 na faiba yenyewe fupi vile, haiingii akilini. Nikachomoa pachikodi (kile kipande cha faiba kinachoingia kwenye moduli), nikapitisha kalamu ya kusafishia ncha, ikaruka mpaka -4. Ingeachwa hivyo hivyo baadae zingeanza era (makosa ya data) na moduli ndo ingetukanwa.

Duka jingine nililopita kabla walinikazania ER ya kilomita 40 eti "ina nguvu zaidi bosi". Mita 600 bila atenyueta (kipunguza mwanga) mwanga unazidi, risiva ya upande wa pili inaweza hata kuungua. Moduli ya SR nayo ni ya maltimodi (faiba ya masafa mafupi), mita 300 kwenye aina yake ya OM3, hapa kwetu haina kazi. Halafu SFP+ inaingia vizuri tu kwenye poti ya SFP ya zamani, ila giga 10 huipati ng'o, angalieni poti kabla ya kutoa hela.

Nyota 4. Moja nimeikata kwenye waranti, ni ya mdomo tu, risiti haijataja hata namba za moduli. Nimeagiza mbili za akiba na zote nimeomba ziandikwe kodi ya Cisco, maana MikroTik nazo inazipokea bila maswali.