Discovery Tour: Ancient Egypt darasani Kigoma: kagua kompyuta kabla ya kununua

Ukinunua gemu hili ukitarajia mapanga na kufukuzana, pesa yako imepotea. Kampuni ya Ubisoft walichukua ramani ya gemu lao la mapigano, Assassin's Creed Origins, wakaondoa vita na misheni, na Februari 2018 wakaitoa kama makumbusho ya Misri ya kale ya kutembea ndani yake. Kuna ziara 75. Unachagua mhusika, unafuata mstari wa dhahabu, na kila kituo sauti inakueleza unachokiona huku picha za vitu halisi vya makumbusho zikijitokeza. Ukiuchoka mstari, panda farasi au mashua uzunguke mwenyewe.

Kazi ni nzuri sana. Kinachoshinda wengi ni mashine.

Kiwango cha chini ni Windows ya biti 64, prosesa ya aina ya Core i5-2400S, ram GB 6 na kadi ya grafiki ya kiwango cha GTX 660 yenye GB 2 zake yenyewe. Hapo kwenye kadi ndipo laptopu nyingi za mtumba zinapokwama. Muuzaji atakuonyesha stika ya i5 na kukuhakikishia kwamba inapiga gemu zote, usimsikilize. i5-6300U ya laptopu za ofisini ina viini (cores) viwili tu, wakati ile i5-2400S ya mezani, pamoja na uzee wake, ina vinne. Isitoshe, grafiki ya Intel HD iliyomo haina kumbukumbu yake, inakopa ram ya mashine. Gemu litagoma kufunguka, au litafunguka na kustaki kila ukigeuza kichwa.

Kwa shule au kituo cha masomo, nafuu iko kwenye kompyuta ya mezani ya mtumba yenye viini vinne, halafu uongeze kadi kama GTX 1050 Ti. Inakula wati 75, hivyo matoleo mengi hupata umeme wote kwenye ubao mama bila waya wa ziada. Pima kasha kabla ya kulipa, maana makasha membamba yanataka kadi ya nusu kimo. Ukileta ya kawaida, kifuniko hakifungi. Ram iwe GB 8. Na waya wa projekta uchomekwe kwenye kadi mpya, si kwenye tundu la zamani la ubao mama. Hapa hata mafundi hujisahau, kisha gemu ndilo linalolaumiwa.

Tenga GB 42 kwenye diski, na zaidi kidogo ya kupumulia. Kwa mtandao wa kasi ya Mbps 4, kupakua mzigo huo ni saa 23 hivi bila kukatika, na bando litakuwa limeteketea. Bora mtu aliye Dar au Mwanza kwenye faiba akupakulie, kisha akutumie diski ya ekstenali kwa basi. Ukiipata, nakili folda nzima, fungua Ubisoft Connect kwa akaunti iliyonunua gemu, uielekeze programu mahali folda ilipo. Itakagua mafaili na kushusha yaliyopungua tu. Siku hiyo ya kwanza intaneti ni lazima. Baada ya hapo washa hali ya nje ya mtandao, ujaribu kufungua gemu data ikiwa imezimwa. Jaribu mapema, si asubuhi ya kipindi watoto wakiwa wameshakaa.

Umeme nao tunaujua. UPS (betri ya dharura) ndogo ya VA 650 ni ya kukupa muda wa kuzima kompyuta kwa utaratibu, haiendeshi somo. Umeme ukikatika ghafla wakati mafaili yanaandikwa, yanaweza kuharibika, na kuyatengeneza kunarudisha gharama ya bando.

Tuje kwenye historia yenyewe. Anza na piramidi ya farao Khufu, kwa sababu hapo gemu linafanya kile ambacho ubao na chaki haviwezi. Unapanda njia nyembamba umebanwa pande zote, mara dari linapaa: umeingia Ukumbi Mkuu, urefu wa kwenda juu zaidi ya mita 8, kuta zikisogeleana kila tabaka la mawe linapoongezeka. Mwanafunzi anaona kwa macho jinsi mawe yalivyopangwa kuhimili uzito ulio juu yake. Ila mwalimu awe macho: baadhi ya vyumba na njia za ndani vimefuata nadharia ya mbunifu majengo wa Kifaransa, Jean-Pierre Houdin, ambayo haijathibitishwa. Wakimaliza, watajie mafunjo (karatasi za kale) ya Merer, msimamizi wa kazi, yaliyopatikana Wadi al-Jarf, pwani ya Bahari ya Shamu, mwaka 2013, ambayo ni kumbukumbu za kikosi kilichosafirisha mawe ya chokaa kutoka machimbo ya Tura kwenda Giza, mahali ilipo piramidi hiyo. Huo ni ushahidi wa maandishi wa enzi ya Khufu mwenyewe.

Kosa jingine linalojengeka vichwani mwa watoto ni la wakati. Ramani ni ya zama za Cleopatra, miaka 2,500 hivi baada ya Khufu, lakini vyote vinaonekana kwenye anga moja. Chora mstari wa wakati ubaoni kabla ya kuwasha projekta. Watengenezaji wenyewe ni waungwana kidogo: wanakiri kwamba darasa la ndani ya gemu lenye wavulana na wasichana pamoja ni uamuzi wao, si hali ya siku zile. Sanamu zilizo uchi nazo zimefunikwa kwa makombe ya baharini, kichekesho ambacho wanafunzi hawatakiacha kipite.

Ziara za maisha ya kila siku, hasa ukaushaji wa maiti, zinashika darasa kuliko zile za Warumi. Kinachoudhi ni kwamba ramani inaishia Misri ya kaskazini: Kush na Meroe, Sudan ya leo, huvifikii. Wala haigusi huku kwetu, ambako wapelelezi Waingereza Burton na Speke walifika Ujiji Februari 1858 wakikitafuta chanzo cha Nile. Mwalimu ajazie mwenyewe, tena ana mfano jirani: Rutovu, ng'ambo ya mpaka Burundi, kuna piramidi ndogo ya mawe iliyowekwa 1938 kwenye chanzo cha kusini kabisa cha mto huo.

Maelezo yote ni ya lugha za kigeni, Kiswahili hakimo. Kidato cha kwanza watahitaji mtu wa kusimamisha kila kituo na kufafanua. Maswali ya kupima uelewa hayapo pia; yaliletwa kwenye toleo la Ugiriki la 2019.

Na kama mashine ni zile laptopu tu, usilazimishe. Chukua Pharaoh, gemu la kujenga miji la mwaka 1999, linalouzwa kwenye duka la mtandaoni la GOG bila kufuli la intaneti. Picha zake ni za kizamani, lakini mafuriko ya Nile yakiwa haba, mavuno yanapungua, ghala linakauka, watu wanahama mji. Hilo somo la kilimo na dola linakwenda hata kwenye kompyuta ambayo Ubisoft wasingeitazama mara mbili.