Changing ya Liv Ullmann: kitabu cha mtumba kutoka soko la Majengo

Nilikwenda soko la Majengo kutafuta kitambaa cha mavazi ya igizo, nikarudi na kitabu. Kaka mmoja alikuwa ametandika vitabu vya mtumba juu ya turubai, vingi vya shule, na katikati yake nikaona sura ninayoifahamu: Liv Ullmann, mwigizaji wa Norway. Kitabu chenyewe ni Changing, maisha yake kama alivyoyaandika mwenyewe. Nyumbani kwao kilitoka 1976. "Mwalimu, lete elfu nne tu," akaniambia. Nikatoa.

Nina kikundi cha maigizo cha vijana hapa Chang'ombe ya Dodoma, huu mwaka wa sita. Kila mwaka yule anayeigiza vizuri kuliko wenzake huniaga: anakwenda Dar, maana Dodoma hakuna sanaa. Ndiyo sababu habari za Stavanger nimezisoma mara tatu. Ullmann alikulia Trondheim. Alifanya usaili wa chuo cha taifa cha uigizaji kule Oslo, wakamkataa. Akaenda Stavanger, mji wa mkoani tu, mbali na mji mkuu, na 1957 akapanda jukwaani kama Anne Frank, yule msichana wa Kiyahudi aliyeandika shajara akiwa mafichoni wakati wa Wanazi. Alianzia hapo. Nimewasomea vijana wangu sehemu hiyo kwa sauti.

Miaka tisa baadaye alicheza kwenye Persona, filamu ya Ingmar Bergman, mwongozaji wa Sweden, akiwa mwigizaji aliyeacha kusema kabisa. Kuna mahali muuguzi anamsimulia mwigizaji huyo habari za mtoto aliyemzaa, na maneno yaleyale yanasemwa mara mbili: kwanza kamera iko kwenye uso wa Ullmann anayesikiliza, kisha kwenye uso wa Bibi Andersson anayesema. (Bibi ndilo jina lake.) Zoezi hilo nimelifanya darasani. Mmoja aseme, mwenzake asikilize, asifungue mdomo. Binti mmoja ambaye siku zote hupiga kelele jukwaani alikaa kimya, upepo ukigonga mabati juu yetu, kidole gumba chake kikisugua pindo la kanga, polepole, kisha kikaacha. Hakuna aliyecheka. Hapo ndipo kazi ilipo, jamani, na kitabu hiki kimeandikwa na mtu anayeijua.

Mwanzoni kabisa anaeleza alivyozaliwa Tokyo, 1938, nesi akamwambia mama yake kwa masikitiko kwamba ni msichana. Wanawake wengi wa huku tunaijua sauti hiyo. Anaeleza pia alivyomcheza Nora katika tamthilia ya Ibsen, mwandishi wa Norway: mke anayeacha nyumba na watoto. Lakini kilichonishika zaidi ni hatia yake mwenyewe, ya mama anayetoka kwenda kazini mtoto akimtazama. Mwanangu yuko kwa bibi yake Kondoa. Kurasa hizo nilizisoma usiku, nikashindwa kulala.

Kasoro ipo. Anaruka huku na huku, utoto, filamu, binti yake, kisha utoto tena. Anayetaka miaka ipangwe kwa mfuatano atachoka. Na kwa kuwa ni cha miaka ya sabini, hutakuta humo ubalozi wake wa UNICEF ulioanza 1980, wala kazi zake za uongozaji filamu, wala Oscar ya heshima ya 2022. Kiingereza chake hakisumbui. Kamusi niliifungua mara chache.

Nakala yangu ilikuwa na gundi iliyokauka, na kufika nyumbani kurasa zikaanza kudondoka moja moja. Muuzaji angeniambia. Nilikipeleka stesheneri wakakitoboa na kukiwekea spairo kwa elfu mbili. Kwa hiyo kimenigharimu elfu sita, na ningetoa hata kumi na tano.

Sasa kiko kwa yule binti wa kanga. Jana alinitumia ujumbe kwamba amefika Stavanger, akaomba akae nacho wiki moja zaidi.