TAHADHARI: Kishoka wa majina ya PlayStation anakuuzia cha bure, kisha anakuuzia kilichokuwa chako

Wakuu, habari za jioni. Naandika nikiwa bado na hasira kidogo, kwa hiyo mtanivumilia pale nitakapopayuka.

Kuna jamaa hapa Dar, maskani yake ni magrupu ya WhatsApp ya wacheza gemu. Anajitangaza kwamba anabadilisha jina la akaunti ya PlayStation (ile mashine ya gemu ya Sony) kwa Sh 35,000, "hakipotei kitu, uhakika asilimia mia". Mimi kanipiga Sh 65,000 kwa jumla, na nusura aondoke na akaunti nzima. Simtaji jina wala namba. Jina analotumia si lake, na namba ameshabadilisha mara tatu tangu nianze kumfuatilia. Ukiikariri ya leo, kesho anakuja na nyingine. Mtamjua kwa anavyofanya kazi.

Kwanza aibu yangu. Akaunti niliifungua mwaka 2014, niko chuo, akili za ujana. Jina nikaandika SumuYaPanya_2014. Hesabu mwenyewe: alama 16 kamili, ndiyo mwisho unaoruhusiwa, na nakumbuka nilivyofurahi ilipoenea. Leo nina mke, nina mtoto wa darasa la pili anayesoma kila anachokiona kwa sauti, na bosi wangu naye kanunua PS5, kaniomba jina ili tucheze mpira Jumamosi. Nikaona haya.

Enzi hizo ukishaandika, umeandika. Mtandao wa PlayStation ulianza mwaka 2006 na kwa miaka zaidi ya kumi na mbili hapakuwa na njia ya kubadilisha jina. Ukilichoka unafungua akaunti mpya, vikombe vyote (zile tuzo unazopata ukicheza) unaviacha nyuma, unaanza kutambaa upya. Sony walifungua mlango huo Aprili 2019. Mimi nilisikia juujuu tu, sikufuatilia.

Mtaniuliza kwa nini mtu mzima na akili zangu nimpe kishoka kazi ya dakika tano. Swali la haki. Wenye PlayStation huku kwetu mnajua: ukifungua akaunti, Tanzania haimo kwenye orodha ya nchi, Kenya nayo haimo. Kwa hiyo wengi wetu akaunti zetu ni za Marekani, Uingereza au Afrika Kusini, na ukishachagua nchi huibadilishi tena. Kadi za kuongeza salio lazima ziwe za nchi ileile, na kadi zetu za benki mara nyingi hazikubaliki, basi tunanunua kwa madalali. Huyu jamaa nilishanunua kwake kadi za dola mara nne, namtumia kwa lipa namba, ndani ya robo saa namba za kadi zimefika na zinafanya kazi. Alikuwa mwaminifu kabisa. Ndiyo maana alipoweka tangazo la majina kwenye statasi sikujiuliza mara mbili.

Akaniomba barua pepe, paswedi, na ile kodi (code) ya uthibitisho ya tarakimu sita inayokuja kwenye simu. Nikampa. Najua. Msinitukane, mke wangu ameshanitukana kwa niaba yenu.

Dakika kumi nyingi, jina likabadilika. Zuri, la heshima, hata kwa bosi nikamtumia. Usiku nikawasha gemu yangu moja ya zamani, siitaji, nimeicheza tangu chuo. Ikanikaribisha kama mgeni. Hakuna sevu (kumbukumbu ya nilipofikia), hakuna magari niliyoyafungua, hakuna rekodi zangu, na sarafu za ndani ya gemu nilizonunua kwa hela halali zinasoma sifuri. Gemu za karibuni, ikiwamo ya mpira, ziko salama kabisa kama hakijatokea kitu. Hapo ndipo nikachanganyikiwa: mbona hii na si ile?

Jibu nimekuja kulijua baadaye na ningelijua kabla nisingeliwa. Hebu mfikirie Mangi na daftari lake la madeni. Ameandika "Mama Rehema, sukari kilo mbili, mafuta nusu". Siku moja mama huyo mtaa mzima ukaanza kumwita Mama Junior. Akija dukani na jina jipya, Mangi akifungua daftari hamuoni, anamwandikia ukurasa mpya. Ule wa zamani haujachanwa, upo, ila hakuna anayeuita. Gemu nyingi za zamani zimeandikwa kama daftari la Mangi: waliozitengeneza walijua jina la mchezaji halibadiliki milele, wakalitumia kama ufunguo wa kutunzia sevu, rekodi na vitu ulivyonunua. Gemu mpya zinatunza kwa namba ya akaunti, mfano wa namba yako ya NIDA: uolewe, ubadili jina mara tatu, namba ni ileile.

Sony wenyewe hawakulificha hili. Walisema gemu za PS4 zilizotoka kuanzia tarehe 1 Aprili 2018 zimetengenezwa kukubali mabadiliko ya jina, ingawa hata hizo hawakuziwekea dhamana ya asilimia mia. Za kabla ya hapo ni bahati: nyingi hazisumbui, chache zinasumbua. Walitoa hadi orodha ya gemu walizozijaribu, na zile zenye matatizo makubwa zikawekwa peke yake. LittleBigPlanet 3 ilikuwamo. Gemu za mashine za zamani, PS3 na PS Vita, hazijaandaliwa kabisa kwa jambo hili. Na kabla hujabonyeza kukubali, skrini inakuonya kwa maandishi: unaweza kupoteza ulipofikia kwenye gemu, nafasi yako kwenye msimamo, hatua za kuelekea vikombe ambavyo hujavipata, hata sarafu na vitu ulivyolipia, na jina la zamani linaweza kuendelea kuonekana sehemu fulani. Onyo hilo mimi sikuliona kwa sababu si mimi niliyekuwa nabonyeza. Aliyebonyeza aliliona, akalipita, akaja kuniambia "tayari kaka, kila kitu freshi".

Na hiyo kazi ya Sh 35,000? Mara ya kwanza kubadilisha ni bure. Bure kabisa. Kuanzia mara ya pili ndipo unalipa, dola 9.99 kwa akaunti ya Marekani, au dola 4.99 ukiwa mwanachama wa PlayStation Plus, ile huduma yao ya kulipia. Unaingia mwenyewe kwenye mipangilio ya akaunti, kwenye wasifu, palipoandikwa "Online ID", au kupitia kivinjari cha simu yako. Wala huhitaji kumwambia mtu barua pepe, kwa kuwa jina hilo ni la kuonekana tu. Kuingia unaingia kwa barua pepe, haibadiliki.

Sasa tuje kwenye utapeli wenyewe, maana mpaka hapo mngeweza kusema ni ujira wa usumbufu tu.

Nikamtumia ujumbe: kaka, sevu zimepotea. Hakushtuka hata kidogo, alijibu haraka mno kwa mtu aliyepewa habari mbaya. Akasema hiyo hutokea kwa akaunti kongwe, data "zimekwama kwenye seva", yaani kwenye kompyuta za mtandaoni zinazotunza data, ana mtu wake anayeweza kuzivuta, gharama Sh 60,000, na ukichelewa saa 48 zinafutwa moja kwa moja. Hizo saa 48 amezitunga yeye. Mimi nikaingiwa na baridi. Miaka kumi ya gemu, jamani. Tukapatana nitangulize nusu, nikatuma Sh 30,000.

Baada ya saa moja: "Angalia sasa." Nikawasha, gemu ikafunguka, magari yote yamerudi, rekodi zimerudi, sarafu zimerudi. Nikamshukuru kweli, nikamwita fundi. Halafu mwanangu, ambaye muda wote alikuwa ameegemea kochi, akasoma kwa sauti kilichoandikwa pembeni juu ya skrini: "Su-mu-ya-pa-nya."

Hakuna seva, hakuna mtu wake. Alichofanya ni kurudisha jina la zamani. Kurudi kwenye jina lako la mwanzo ni bure, na ndiyo dawa ambayo Sony wanaielekeza mtu akipata shida: rudisha jina, matatizo mengi yanaondoka. Daftari la Mangi lilikuwa palepale, ameitwa tu Mama Rehema kwa jina lake. Nilipomuuliza mbona jina nililolipia halipo akanijibu, nanukuu neno kwa neno, "kaka data na jina haviendi pamoja, chagua kimoja", na akaendelea kudai ile nusu iliyobaki.

Kwa hiyo hesabu ni hii: nimelipa Sh 65,000 ili niitwe SumuYaPanya, jina nililokuwa nalo bure, na ile nafasi yangu ya kwanza isiyo na malipo imeshatumika. Nikitaka jina jingine jipya ni dola.

Nilipokataa kumalizia, akanilima bloku. Nikasema yaishe. Wiki iliyofuata intaneti ikakatika nyumbani, nikataka kucheza gemu nilizonunua mwenyewe dukani mtandaoni, nakuta zina alama ya kufuli. Hapa wengi hamtashtuka mkiiona, kwa hiyo naomba msome taratibu. Akaunti ya PlayStation ina mashine moja kwa kila toleo (PS4 moja, PS5 moja) inayotambulika kama ya nyumbani. Mashine hiyo inafungua gemu zako hata bila mtandao, na yeyote anayeitumia anazicheza. Jamaa kwa paswedi yangu alikuwa ameingia na kuiweka mashine nyingine kuwa ndiyo ya nyumbani. Yaani kuna mtu mahali kauziwa "gemu za bei chee", na hizo gemu ni zangu. Nadhani hii ndiyo biashara yake hasa, majina ni chambo.

Kama umeshampa paswedi yeye au wa aina yake, usisubiri kuona kufuli. Ingia kwenye akaunti kwa kivinjari, badilisha paswedi, badilisha na ya barua pepe kama zilifanana, toka kwenye vifaa vyote, kisha ondoa vifaa vyote vilivyosajiliwa na uisajili upya mashine yako. Huko kuondoa vyote kwa mpigo kunaruhusiwa mara moja tu kila miezi sita, kwa hiyo anza na paswedi. Ukianza na vifaa, naye atajirudisha na wewe utakaa nusu mwaka unamtazama. Hakikisha uthibitisho wa hatua mbili umewashwa na ile kodi inakuja kwenye simu yako. Mimi nilifanya hivyo saa nane usiku na kufuli zikaondoka.

Kwa wale wa gemu za simu, nimeambiwa jamaa sasa kahamia huko, anauza "kubadilisha jina bila kupoteza levo". Kwenye Free Fire na PUBG Mobile jina linabadilishwa ndani ya gemu yenyewe, kwa kadi ya jina au kwa almasi na UC (hela za ndani ya gemu), na levo yako imefungwa kwenye namba ya mchezaji ambayo haibadiliki. Hakuna cha kulinda hapo, anakuuzia mwavuli ndani ya nyumba. Steam jina la kuonekana unabadilisha bure muda wowote. Xbox mara ya kwanza ni bure pia. Minecraft ya kompyuta, ile ya Java, unasubiri siku 30 kati ya jina na jina, basi. Popote atakapokwambia anahitaji paswedi yako ili kubadilisha jina, muulize yeye ana kidole gani ambacho wewe huna.

Na ukiamua kubadilisha mwenyewe kwenye PlayStation, andika kwanza orodha ya gemu zako za zamani unazozipenda, hasa zile ulizotumbukiza hela ndani. Malizia unayoitaka, tumia sarafu ulizonazo. Ukibadilisha kuna chaguo la kuonyesha jina la zamani pembeni ya jipya kwa siku 30, marafiki wasikupotee. Ukikuta gemu imekusahau, usinunue kitu kipya humo wala kuanza sevu mpya. Rudisha jina kwanza uone.

Skrini shoti za mazungumzo na miamala ninazo zote. Kama nawe umepigwa na mtu wa "data zimekwama kwenye seva", nitafute tulinganishe mwandiko. Namfahamu sasa: anaandika "kaka" mwanzoni mwa kila sentensi na huwa anakutumia picha ya skrini ya mteja mwingine akimshukuru. Ile picha anayotuma wiki hii, wakuu, inatoka kwenye simu yangu. Ni mimi namwita fundi.

Jumamosi tumecheza na bosi. Kanifunga tatu bila, na kila bao alisoma jina langu lote, hadi 2014.